Pale Chini ya Mlango wa Kabati

Baba Akello, mzee wangu,

Kalamu mimi sijui, wewe unajua. Akello binti yako ndiye anaandika, mimi naongea tu.

Sukari imepotea. Sabuni tunatafuta mpaka Katwe, na mbuzi ya jirani ilikula shati yako ya kazi, ile ya rangi rangi, nikalia kama mtu amekufa mara ya pili. Ngoja, nilitaka kukuambia habari ya kabati.

Kabati ya jikoni, ile ulipuliza wewe, moshi ya sigiri imeifanya njano. Na wakwe wanakuja kumposa Akello. Akasema, "Mama, tupulize rangi, kama Baba." Akaita fundi na mashini yake.

Wewe ulipenda kupuliza. Rola ya kupaka rangi ulikuwa unatukana: "Hiyo inaacha kabati kama ngozi ya chungwa! Kwa mke wangu? Hapana!" Ukipuliza, inang'aa kama sahani. Halafu unapima kama imekauka, na kidole kidogo, pale chini ya mlango, watu hawaoni. Mimi nikigusa, unapiga kelele kama polisi.

Basi fundi akatoa milango, akalaza juu ya meza. Nikapangusa vumbi. Kumbe kidole yako iko pale. Kishimo kidogo, na mistari ya ngozi yako ndani. Kila mlango. Bambi, maskini, mzee wangu.

Wale watu wa gari, Akello anakataa niwataje, walikuchukua ukitoka kazini. Nilienda mpaka hospitali ya Mulago, nikafunua mashuka ya maiti za watu wengine. Hukuwepo. Nikasema utarudi, utarudi. Sasa nimechoka, nakuita marehemu. Lakini wafalme pale Kasubi wanajulikana wamelala wapi. Wewe nikulilie wapi?

Fundi akasema atapiga msasa kila pembe, apulize, rangi ijaze yote. Nikasema, "Weka mashini chini, ssebo. Leta rola."

Akacheka. "Nnyabo, itatoka ngozi ya chungwa."

Kama wewe kabisa! Akello akakasirika, eti wakwe watasema nini. Nikamshika mkono, nikaweka kidole yake pale chini. Akaanza kulia. Hata sasa analia, karatasi inalowa. Andika, Akello, mama, andika.

Tumepaka na rola. Mbele ni mbaya, ungetukana mpaka jioni. Chini hatukugusa.

Kale, basi, lala pale ulipo. Nakuahidi, ile mkono ya chuma ya kabati sishiki tena. Kila asubuhi nikitaka majani ya chai, nitafungua kutoka chini, kidole yangu ndani ya yako.