Kwako Apolinary Byarugaba, Mtafuta Kanda wa Nkwenda

Mwaka umetimia, Baba, tangu tukulaze nyuma ya migomba, na simu yako haijanyamaza. Kila siku watu wa filamu na televisheni. "Naomba kuongea na mzee Apolinary, tunatafuta video za zamani za soko la Nkwenda." Tunawaambia mzee amefariki. "Oo, poleni sana. Sasa kanda anazo nani?"

Tunazo sisi, Baba. Ila ulituachia na masharti yako!

Ulizitafuta nyumba kwa nyumba, Karagwe na Kyerwa yote. Harusi, ubatizo, mavuno ya kahawa. Unafika Rugu kwa pikipiki, unamwamkia bibi wa watu, unamenya naye ndizi mpaka jua linazama, kanda hujaitaja hata. Zikiwa na ukungu unazianika kwenye mkeka wa kahawa. Mama anafoka, "Apolinary, kahawa yangu ikaukie wapi?" Wewe unacheka tu.

Na video haitoki mpaka mwenyewe aitazame nyumbani kwake, akubali kwa kinywa chake. Watu wa Dar wanataka kesho asubuhi, wewe unawajibu, "Huyo kwenye kanda ni marehemu wa watu. Hawezi kusafiri bila kuaga."

Miezi michache baada ya kukuzika watu wa filamu wakataka harusi ya Bibi Kokwijuka wa Kiruruma, pale marehemu mumewe anaporuka ngoma. Wakaahidi kuandika jina lako mwisho wa filamu. Aisee, Baba, tulilitaka hilo jina! Miaka yote hiyo umewahangaikia, hawajawahi kukuandika hata mara moja.

Mwanao Mugisha akaihamishia kwenye flashi, tayari kutuma. Tukafunga televisheni na deki kwenye pikipiki, tukaenda. Bibi akatazama, akacheka, akafuta machozi kwa kitenge. "Rudisheni hapo anaporuka." Tukarudisha, tukarudisha, mpaka deki ikachemka.

Mwanao Vero akauliza, "Bibi, tuwape?"

"Hapana, waitu, wanangu. Mimi nimemwona. Wao wamwone wa nini?"

"Bibi, wataandika jina la Baba!"

"Baba yenu aliniambia nikikataa, nimekataa. Au alinidanganya?"

Tungesema ndiyo, alikudanganya? Tulirudi Nkwenda tumenuna njia nzima. Mugisha akafuta ile flashi huku anasonya. Watu wa filamu wakachukua harusi ya kwingine, wakaendelea na mambo yao. Filamu imeshatoka. Tuliitazama mpaka maandishi ya mwisho kabisa. Hupo.

Basi tunakuandika sisi, hapa: video za zamani za Karagwe na Kyerwa zilitafutwa na Apolinary Byarugaba.

Ni sisi, mke wako Salvina, watoto wako Mugisha na Vero, mdogo wako Yusto, na Bibi Kokwijuka, ambaye amesema asiachwe.

Umetuchosha, Baba. Na kukusahau hatutaweza kamwe.