Bibi Alitaja Marehemu Tupu

Mashewa, Korogwe
Jumapili, baada ya adhuhuri

Mdogo wangu Zamda,

Assalaam alaykum. Shikamoo yako niliisikia kwenye simu na marahaba nilikwisha itoa, ila naitoa tena hapa kwa kalamu. Mnaendeleaje wewe na shemeji Mustafa, na hasa huyo wajina wangu? Ananyonya vizuri? Kitovu kimekauka? Na baridi ya huko Uskoti mnaiwezaje, maana kwenye picha ulivyomfunika mtoto nimeona pua tu. Sisi huku hatujambo, Alhamdulillah. Mvua za vuli zimeanza kidogo kidogo, mahindi tunamalizia kupukuchua, na yule mbuzi uliyempa jina la Profesa kazaa mapacha. Sasa anajiona mkubwa kuliko sisi sote.

Barua hii anakuletea Zeeshan, yule wa duka la vitambaa pale Korogwe mjini, anayekwenda kumtazama dada yake Rizwana huko huko kwenu. Kwenye furushi kuna kanga jozi mbili na ubuyu, usimpe mtoto ubuyu. Najua utashangaa Maryamu anaandika barua na simu anayo. Haya si maneno ya simu, Zamda. Simu ukikasirika unakata, nakujua tangu ukiwa na meno ya utoto. Barua hata ukiitupa chini itakungoja hapo hapo mpaka hasira zishuke, uiokote.

Kwanza nijibu ombi lako. Uliniambia mnakuja Desemba, na kwamba kabla hamjafika nimhamishie Bibi kwa mjomba Mwinjuma kule Kwashemshi, kwa sababu hutaki mwanao alale chini ya paa moja naye. Ulisema uchawi huuamini tena, shule imekutoa huko. Lakini mtu aliyesimama mbele ya kijiji kizima akasema kwa kinywa chake kwamba amemla Shamimu wako, hata kama ni uongo, huwezi kumpa mtoto mwingine ampakate. Nilinyamaza, ukadhani nimenuna. Sikununa, mdogo wangu. Uchungu wa mwana aujuaye mzazi, na kaburi la Shamimu ndiye mimi ninayelipalilia.

Basi nikamwambia Bibi taratibu, nikizungukazunguka kama mtu anayetafuta pa kupita kwenye matope. Hakuniacha nimalize. Alisema mzazi ana haki yake, na kwamba Kwashemshi ni kuzuri, kuna hewa ya mlimani. Kesho yake nikakuta amekwisha funga kifurushi: kanga zake, msala wake, chupa ya mafuta ya nazi, basi. Akaniuliza Desemba bado mbali kiasi gani. Nikamwambia bado. Akasema hakuna neno, kifurushi hakili chakula, kikae hapo mlangoni. Na mpaka leo kipo, kila nikipita najikwaa.

Sasa sikiliza. Juma lililopita tulikuwa barazani tunapukuchua mahindi, mimi na yeye. Unajua Bibi anavyopenda visa. Nikamwekea ule ujumbe wako mrefu wa sauti, ule uliokuwa ukinieleza kitabu unachoandika kuhusu wanawake wa Uskoti wa zamani waliokiri uchawi. Usinigombeze. Ule ulikuwa na habari za Wazungu tu, jina la Bibi hukulitaja.

Alisikiliza mpaka mahindi yakamsimama mkononi. Uliposema kuna mwanamke alikiri kwamba alikuwa anajigeuza sungura, Bibi alicheka mpaka akajifuta machozi kwa kanga. Akasema loo, wachawi wa Kizungu nao, mtu aache fisi mzima ajigeuze sungura, apikwe na watoto! Uliposema wengine walikiri kula na kucheza na majini wa vilimani, akasema hao walikuwa na njaa, maskini, ndoto za mwenye njaa huwa za karamu. Ukaeleza jinsi walivyochomwa sindano mwilini kutafutwa alama, na walivyonyimwa usingizi usiku baada ya usiku mpaka wakasema lolote waliloulizwa. Hapo hakucheka tena. Akauliza kama hapakuwa na mtu hata mmoja wa kuwapelekea uji.

Halafu ukafika pale unaposema kwamba walilazimishwa kutaja wenzao, wakataja majirani, na majirani nao wakakamatwa wakataja wengine, mpaka walionyongwa na kuchomwa wakawa wengi. Bibi akatikisa kichwa, akasema kama mtu anayemsikitikia jirani aliyeunguza mboga, kwamba wale mama walikosa wa kuwashauri. Wangetaja marehemu tupu.

Zamda, nilizima simu.

Unaikumbuka siku ile, au huikumbuki? Mimi nadhani huikumbuki sawasawa, maana ulikuwa hai nusu. Shamimu alikuwa amezikwa, maziwa yanakutoka, umejifunga kanga kifuani kwa nguvu, huli, husemi. Na mama mkwe wako wa wakati ule, mama yake Sadala, anazunguka nyumba kwa nyumba akinong'ona kwamba mtoto hakufa kwa homa wala degedege, kwamba wewe umembemenda. Kwamba hukuweza kujizuia na mwanamume mtoto akiwa bado ananyonya, ukamharibu mwanao mwenyewe. Wanawake wakawa wanakuangalia tumboni na kutema mate pembeni. Nilipigana na wawili kisimani, na ningepigana na wote kama ningekuwa na mikono ya kutosha. Ila kilichonitisha si wao. Kilichonitisha ni wewe, ulivyokuwa umelala ukiangalia ukuta na kusema kwa sauti ndogo kwamba ni kweli, ni mimi nimemuua.

Ndipo vijana wakachanga, wakamleta yule mtu wa lambalamba, mganga wa kufichua wachawi, na serikali imekataza lakini nani alimsikiliza mwenyekiti. Tukakusanywa kiwanjani. Yule bwana na usinga wake akawa anapita mbele za watu, akinusanusa. Alipokukaribia wewe, Bibi akasimama. Hakuitwa, hakuguswa. Akasema wamwache binti, mtoto nimemla mimi.

Watu walimrukia na maswali. Amemla vipi? Akasema usiku, na fisi wake. Alisafiri na nini? Na ungo. Uko wapi huo ungo? Akaingia ndani akautoa, na ule ungo, wallahi, ulikuwa ule ule wa kupepetea mpunga, pumba bado zimo. Mimi niliziona pumba. Kila mtu aliziona. Lakini watu wakitaka mchawi, pumba hawazioni. Wakamuuliza alikuwa na nani. Akataja Bi Tatu, akataja mzee Kilango, akataja yule fundi wa baiskeli aliyegongwa Segera. Watu wakaguna, maana wote hao walikuwa wamekwisha zikwa. Nikadhani woga umemvuruga akili.

Wakamnyoa nywele, wakamchanja chale, wakamlambisha dawa yao, wakamkataza asiguse tena mtoto mchanga. Yeye, Zamda! Aliyeogesha watoto wachanga wa mtaa huu wote, mimi na wewe tukiwamo, aliyetulea mama alipofariki. Na wewe ukainuka pale ulipokuwa umekaa, ukamwendea, ukamtemea mate miguuni. Ulisema maneno ambayo sitayaandika. Halafu ukarudi nyumbani, ukafungua chungu, ukala ugali wote wa watu watatu, ukilia na kutukana, mkono haupumziki. Nilikaa nikakutazama unakula nikamshukuru Mungu bila kujua nimshukuru kwa lipi.

Tangu siku ile hukusema tena kwamba ni wewe. Ulimchukia Bibi, ukaachana na Sadala, ukarudi shule kwa hasira, ukawa mwalimu kwa hasira, hata ndege nadhani uliipanda kwa hasira. Na mama mkwe wako aliufyata, maana mtoto mmoja hafi mara mbili. Kama ameliwa na mchawi, basi hakubemendwa.

Umeona? Mimi nilichelewa kuona miaka yote hii mpaka nilipoisikia ile habari ya marehemu. Nikamgeukia Bibi, nikamuuliza amejuaje kwamba dawa ni kutaja marehemu. Akajifanya anatafuta gunzi. Nikamwambia Bibi, mimi si mtu wa lambalamba, niangalie. Akaacha kutafuta, akasema kwamba wale wa Uskoti walinyimwa usingizi wakasema. Naye alinyimwa usingizi, ila aliyemnyima ni wewe, kwa kukusikia kupitia ukutani, mtoto wake aliyemlea, ukisema ni wewe uliyemuua. Alisema aliona kaburi la pili linachimbwa. Mtu mwenye huzuni hawezi kumeza, alisema, lakini mwenye hasira humeza hata mawe. Na hasira inataka mtu wa kuielekea. Akaona yeye ni mzee, mabega anayo.

Nikalia, sikuona haya. Nikamuuliza kwa nini hakukwambia baadaye, ulipopona. Akasema angekwambia ungerudi kule kule kwenye ule ukuta. Akasema degedege ni degedege, na ulimkimbiza mtoto zahanati kwa miguu jua kali, hakuna mama angefanya zaidi, lakini wakati ule hakuna aliyekuwa akilisikia hilo, hata wewe. Kisha akaniambia niape kwamba sitakueleza. Sikuapa. Nilimwambia nimesikia, na kusikia nilisikia, masikio yangu ni mazima.

Nikamuuliza lililomuuma zaidi ni lipi: kunyolewa, chale, au yale mate? Akasema hakuna hata moja. Akasema kinachomuuma ni alfajiri, anaposikia mtoto mchanga wa jirani analia wakati wa kuogeshwa, akajua wanamtia maji yamepoa. Mikono yake inajua joto la maji, na hana wa kumwogesha. Basi ndiyo maana ile chupa ya mafuta ya nazi imo kwenye kifurushi. Huwa anaikamua nazi mwenyewe kila mwaka, mafuta ya kumpaka mtoto, halafu yakichacha anamwaga, anakamua mengine. Nilikuwa nikidhani ni ya nywele zake.

Zamda wangu, mimi sikusoma kama wewe. Kitabu chako kinauliza kwa nini mwanamke akiri asilolitenda, na sijui wale wa Uskoti walikuwa na yapi. Huyu wa kwetu nimekwisha kukuandikia. Sikulazimishi. Wewe ni mama, na neno lako juu ya mwanao ni neno. Ukinijibu kwamba bado unataka aende Kwashemshi, nitampeleka mwenyewe na kifurushi chake, na hatauliza kitu. Lakini mpaka nipate jibu lako, simhamishi, na hicho kifurushi nitaendelea kujikwaa nacho.

Nisalimie shemeji Mustafa, mwambie asisahau kuvaa soksi. Mbusu wajina wangu kwenye ile pua. Mjomba Mwinjuma anakusalimu na anasema umletee koti, lolote, hata la kike. Profesa na mapacha wake wanakusalimu pia.

Bibi nilimwambia nakuandikia. Nikamuuliza nikupe salamu zake. Akasema nisikupe, usije ukaudhika ukakosa maziwa. Kwa hiyo salamu zake sikuletei. Ziko hapa barazani, uje uzichukue mwenyewe, na umpakatishe mtoto.

Ni mimi dada yako anayekupenda,
Maryamu