Peremende Mbili za Mama

Michigan, Jumanne

Kaka Marten,

Theluji imeziba mlango wa nyuma. Supu ya njegere uliyoikimbia Jumapili nimeimaliza peke yangu.

Mama hajiwezi kitandani, na siku hiyo alikuuliza neno moja tu: "Baba yako nitamwona tena huko mbinguni?" Nawe, profesa mzima wa theolojia, ukamjibu, "Mama, kutaka uhakika ni ugonjwa wa usasa, wa kudai kila kitu kithibitishwe." Ukamweleza jinsi wanafikra wa leo walivyoubomoa usasa huo, mpaka peremende, kama zile alizozoea kumung'unya kanisani wakati wa mahubiri, ikamwishia mdomoni, nawe bado unasema!

Jana kaniuliza mimi, mpishi wa shule. Nikamwambia, "Utamwona, Mama." Akatabasamu, akaomba peremende mbili. "Moja ya baba yako."

Nikaenda kulia jikoni, maana sina hakika. Basi nijibu mimi, bila mhadhara: tutamwona?

Dada yako,
Geesje