Dungu la Wake Wawili

Kibiti,
Jumatano, baada ya Alasiri.

Kwa mama yangu, Bi Zaitun,

Shikamoo mama. Assalamu alaykum. Natumai barua hii itakukuta mzima, goti limepoa, na mpunga wa Mkongo umeanza kuchanua. Mimi sijambo, alhamdulillahi, ila nimekonda. Ukiniona usiseme naumwa. Ni kazi tu. Nimeona niandike kuliko kupiga simu, maana kwenye simu tukianza tu kuzungumza unanihimiza nisimalize salio, halafu unakata. Barua huwezi kuikata. Ashura mdogo wangu, msomee mama taratibu, wala usiruke mahali.

Mama, filamu yangu imenunuliwa! Itaonyeshwa kwenye televisheni Jumamosi hii, baada ya Magharibi, nchi nzima.

Nilipoacha kazi kule Dar es Salaam, majirani walikwambia mwanao amefukuzwa. Sikufukuzwa. Nilichoka kuwa msaidizi wa waongozaji, nikipanga mimi, nikielekeza waigizaji mimi, mwisho linaandikwa jina la mwingine. Nikaona bora nijitegemee, niongoze hadithi ninazozijua. Ndipo nikarudi Rufiji na Twalibu mpiga picha na Rukaiya wa sauti, tukaja kutengeneza ile uliyonisimulia mwenyewe: wewe na mke mwenzio mlivyokwama juu ya dungu moja, kile kibanda cha miti cha kulindia ndege, huko bondeni, mto umejaa, mpunga umezama, na hamsemeshani. Nimewazeesha kidogo, mnisamehe.

Tulipomaliza niliipeleka kwenye kituo kimoja cha televisheni. Bwana mmoja akaitazama yote, akasifu picha, kisha akasema mwisho haufai. Alitaka mke mdogo amsukume mwenzake majini. Nikamweleza kwamba hawakusukumana. Akacheka, akaniuliza, "Sasa dada, wake wenza wasiopigana nani atawatazama?" Nikachukua kazi yangu nikatoka. Nilitoka kwa maringo, mama, lakini nilipofika barabarani sikujua nielekee wapi, kwa sababu sikuwa na mlango mwingine wa kubisha.

Nikarudi Kibiti, nikaomba ukumbi wa harusi, nikaalika watu waje mchana waione bure. Ukumbi ule una madirisha makubwa na jua lilikuwa kali, picha haionekani kabisa. Nikadhani nimeaibika. Basi wanawake wakainuka mmoja mmoja, wakavua khanga za juu wakaziba madirisha yote, kukawa na giza zuri. Walicheka mpaka wakapigana mabega. Na ulipofika ule mwisho uliokataliwa, nikasikia watu wakivuta kamasi, wanaume nao wamo. Vijana walirekodi kwa simu zao, vipande vikasambaa, na wiki ile ile nikapigiwa na kituo kingine. Safari hii niliingia na masharti: mwisho usiguswe, na jina la mwongozaji liwe langu. Wakakubali. Na sasa wanataka tamthilia nzima, nayo nimewaambia itatengenezwa huku huku kwetu.

Sasa mama, kuna jambo nimelipita makusudi. Kaa vizuri.

Mwigizaji niliyemtoa Dar es Salaam kuwa mke mkubwa alipanda dungu siku ya kwanza, akamwona mamba amelala ng'ambo, akashuka, hakupanda tena. Nikaenda Ikwiriri kwa mama mkubwa. Ndiyo, kwa Bi Kijakazi, mke mwenzio. Najua tangu baba afariki, na yale maneno ya urithi wa mikorosho ya Dimani, jina lake halitajwi nyumbani kwetu. Nilimwomba aigize mke mkubwa, yaani awe yeye mwenyewe. Akakataa. Akaniambia, "Mimi sijawahi kujitazama. Niliyemtazama miaka yote ile ni Zaitun. Nipe niwe Zaitun."

Kwa hiyo Mwajabu wa hapa Kibiti, aliyekuwa ameshajifunza maneno ya mke mdogo, akahamia kwa mke mkubwa, na mama mkubwa akawa wewe. Mama, amekuwa wewe hasa! Anavyokohoa kabla ya kusema neno kali. Anavyocheka akiziba mdomo kwa upindo wa khanga. Twalibu aliponiona nalia akauliza kama akatize kupiga picha. Nikamwambia asithubutu.

Halafu ikaja siku ya mwisho ule. Nilikuwa nimeandika kwamba wanagawana ugali uliobaki nusu kwa nusu, kama ulivyonisimulia. Bi Kijakazi akaumega, kipande kikubwa akamsogezea mwenzake, yeye akabaki na ukoko. Nikamwambia, "Mama mkubwa, sivyo nilivyoandika." Akanitazama kwa mshangao. Akasema yeye ndiye aliyekuwa akinyonyesha wakati ule, na kwamba wewe ulimwambia umeshiba, ilhali hukuwa umetia kitu kinywani tangu jana yake. "Hakukusimulia?" akaniuliza.

Hukunisimulia, mama. Miaka yote hiyo ukaficha wema wako, na aliyeutunza ni yeye. Hapo ndipo ukumbi wa Kibiti ulipolia.

Sikulazimishi lolote, wala simtumi mtu kuja kuwapatanisha. Nimetaka tu usije ukakutana naye kwenye televisheni amefunga khanga kama wewe, ukapatwa na mshtuko mbele ya majirani.

Msalimie mjomba Shaabani na jamaa wote wa Ngarambe. Ashura, ahsante kwa kusoma. Mpe mama maji.

Na imebaki salamu moja. Bi Kijakazi anakusalimu sana. Amenisimamia hapa niandike jina lake lote, Kijakazi binti Abdulswamadu, usije ukasingizia kuwa ulimdhania mwingine. Jumamosi atatazamia kwangu, hapa Kibiti. Mkeka ni mpana.

Mwanao akupendaye,
Warda, mwongozaji wa filamu.