Jeli ya Dani, Siku ya Sabato

Jumamosi jioni, Agosti 1966. Nyumbani, Migori.

Kuna baridi kidogo na mawingu yamekaa chini. Nimengoja jua lizame ndipo nishike kalamu, kwa sababu Baba ni mzee wa kanisa na hapendi kuona wino mezani siku ya Sabato. Sasa Sabato imefungwa, taa imewashwa, na vidole vyangu bado vinanukia nanasi.

Leo nimefanya jambo. Nataka kuliandika kabla sijaanza kulitilia shaka, maana najijua.

Dani, nyanya yangu mzaa baba, hajala vizuri tangu mvua kubwa ya Aprili. Homa ilimshika, ikamwacha, lakini iliondoka na hamu yake ya chakula. Meno yaliyobaki ni machache na ufizi unamuuma. Samaki anamsukuma kando. Mama humpikia uji, naye huutazama ule uji kama mtu aliyetukanwa.

"Uji mpe mtoto," husema. "Mimi nimezaa."

Kisha anafunga mdomo, na hakuna mwanadamu wa kuufungua.

Muuguzi wa misheni alimwambia Baba waziwazi kwamba mama yake akiendelea hivi hatafika Krismasi. Ndiyo maana Baba akaita jamaa wote waje kula naye chakula cha Sabato ya leo. Hakuna aliyesema ni kuaga. Lakini kila aliyeitwa alikuja, hata wale ambao huwa na udhuru.

Habari iliponifikia Homa Bay, ninakofanya kazi, jambo la kwanza lililonijia si maombi. Naona haya kuliandika. Nilifikiria jeli.

Shuleni, katika somo la upishi, mwalimu alitufundisha saladi ya matunda iliyogandishwa kwa jelatini. Jelatini ni unga usio na ladha. Unauyeyusha katika maji ya moto, unatia maji ya machungwa na sukari na vipande vya matunda, na ikipoa inakuwa kitu laini kinachong'aa, kinachoteleza kooni bila kuomba msaada wa meno. Nilijua Dani angeweza kuimeza. Na nilijua jambo jingine ambalo nadhani wengine hawakuliona: tatizo la uji si koo peke yake. Uji unapewa mtu pembeni, kitandani, kwa kikombe. Jeli ni chakula cha wageni. Inaletwa mezani, mbele za watu, katika sahani nzuri.

Sasa ukumbuke huyu anayepanga haya ni nani. Ofisini mimi ndiye karani mdogo kuliko wote. Kila ninachopiga chapa nakisoma tangu mwanzo hadi mwisho, kisha nakisoma tena kutoka mwisho kurudi mwanzo, na bado karani mkuu akiita jina langu nahesabu makosa kabla sijafika mezani kwake. Nyumbani nako, kwenye mikusanyiko, kazi yangu imekuwa kuosha vyombo, tangu siku niliyoangusha sufuria ya kuku miguuni pa wakwe wa kaka yangu. Waya Dorina, dada yake Baba, hajaacha kuisimulia.

Hofu yangu ya kwanza ilikuwa dukani. Jelatini hutoka kwa wanyama, na sisi ni Waadventista. Nguruwe haingii katika nyumba hii, na Dani ndiye mkali kuliko mchungaji. Pakiti ya kwanza niliyopewa ilikuwa na picha nzuri ya matunda mekundu, lakini haikusema ni mnyama gani. Niliigeuza huku na huku mpaka wateja wengine wakaanza kukohoa nyuma yangu. Mwenye duka, ambaye ni Mwislamu, alinitazama kidogo akaelewa bila mimi kufungua kinywa. Akainama chini ya meza, akatoa kopo lisilo na urembo wowote.

"Chukua hii," akasema. "Ya ng'ombe. Hata nyumbani kwangu ndiyo wanatumia."

Nikamshukuru, kisha nikalisoma kopo lote palepale, kana kwamba ni yeye ninayemshuku. Ni kweli, liliandikwa mifupa na ngozi za ng'ombe.

Hofu ya pili ilikuwa nanasi. Dani anapenda nanasi tangu zamani, kwa hiyo nilinunua bivu sokoni, nikalikatakata, nikajaribu chumbani kwangu. Asubuhi nilikuta maji. Nikasema ni joto la Homa Bay. Nikajaribu tena, nikaongeza unga, nikaweka bakuli sakafuni juu ya gunia lililoloweshwa. Maji tena. Nililia kidogo, halafu nikafanya ninachofanya na kazi za ofisini zikinikataa: nilirudi nyuma, kitu kimoja kimoja. Nikagandisha machungwa na ndizi peke yake. Ikasimama! Basi unga ulikuwa mzima na mkono wangu ulikuwa mzima. Mkosaji ni nanasi.

Lakini jeli ya mwalimu ilikuwa na nanasi, na iliganda. Nilikaa kitandani nikimkumbuka mwalimu, aproni yake, meza yake, mpaka nikaona: nanasi lake lilitoka kwenye kopo. Na tunda la kopo limepikwa.

Nikachemsha nanasi langu. Jeli ikasimama.

Hakuna aliyeniambia. Nililitafuta mwenyewe nikalipata, na nimelirudia moyoni njia nzima kutoka Homa Bay.

Jana alasiri nilifika nikaenda moja kwa moja jikoni, kwa sababu Ijumaa jua likizama moto nao unapumzika. Waya Dorina alikuwa hapo tayari na kuku wake wawili na sauti yake. Akachungulia sufuria yangu.

"Karani! Umeacha mashine yako huko mbali ukaja kutuchemshia maji?"

"Yana matunda, Waya."

"Haya. Tutakula kuku, tutashushia na maji yako."

Mama alicheka kwa kufunika mdomo, lakini alinisogezea kuni kavu. Nilimimina mchanganyiko kwenye bakuli kubwa, nikaliweka ndani ya karai la maji ya mtungi, nikafunika kwa kitambaa kilicholowa ambacho pindo zake zilifika majini, ili kisikauke. Nikaliacha karibu na dirisha la upande wa upepo. Jua likazama.

Chakula cha wengine wote kilikuwa kimeiva. Changu kilikuwa bado maji, na hapakuwa na moto wa kukirekebisha hata kikikataa.

Leo kanisani sijui kilichohubiriwa. Mungu anisamehe. Nilisikia bati la kanisa likilia kwa joto, nikawaza juu ya bakuli. Mhubiri akasema "kwa kumalizia," nikajiweka sawa, kumbe alikuwa ndio kwanza anapata moto. Tulipotoka nilitembea haraka kuliko heshima inavyoruhusu. Kitambaa kilikuwa bado kimelowa. Sikuthubutu kukifunua.

Baada ya kuku na samaki na ugali, Mama akanipa ishara. Dani alikuwa ameketishwa kwenye kiti cha Baba, na sahani yake ilikuwa kama ilivyopakuliwa, haikuguswa. Nilipangusa bakuli kwa nje na kitambaa kilicholoweshwa maji yaliyopata joto juani, ili jeli iachie, nikafunika kwa sahani kubwa ya maua, nikageuza. Hakuna kitu. Ndipo jeli ikashuka kwa mlio mdogo, nikainua bakuli.

Ilisimama. Rangi ya asali, na vipande vya nanasi na ndizi vikionekana ndani kama vimesimamishwa hewani. Watoto wakapiga kelele. Ikatikisika kila upande na haikuanguka.

"Jamani," akasema Waya Dorina, "inatetemeka kama karani mwenyewe!"

Wote wakacheka. Hata Baba. Nami nikacheka, kwa sababu ni kweli, nikampakulia Dani wa kwanza, katika sahani ndogo ya maua kama ile kubwa. Alikitazama kijiko kwa muda. Akakiinua. Kilikuwa kimefika mdomoni pake, naapa, Waya aliposema:

"Lakini ngoja. Kitu hiki si kile wanachotengeneza na nguruwe? Nilisikia Kisumu."

Dani akarudisha kijiko kwenye sahani. Akafunga mdomo. Ule mdomo.

Hakuna aliyecheka sasa. Baba alinigeukia, si kwa hasira, bali kwa ile sura ya mzee wa kanisa anayetaka jibu. Ofisini mtu akinitazama hivyo mimi husema "labda," husema "samahani," hata kama kosa si langu. Nilihisi "samahani" ikipanda. Lakini niliona kile kijiko kikiwa kimelala, nikajua nikinyamaza hatakiinua tena, wala cha jeli, wala cha kitu kingine.

"Si nguruwe," nikasema. Sauti ilitoka nyembamba, nikairudia. "Si nguruwe, Waya. Ni ng'ombe."

"Umejuaje wewe?"

"Nimesoma. Pakiti ambayo haikusema niliikataa. Hii imesema."

Nikafungua mkoba wangu nikatoa kopo. Ndiyo, nilikuwa nalo mkobani. Nimekuwa nalo tangu Homa Bay, kwa sababu mimi ni mtu wa kubeba ushahidi hata pale ambapo hakuna anayenishtaki. Mara nyingi hali hii imenitia aibu. Leo hapana.

Baba akavaa miwani, akasimama, akalisoma kopo polepole kwa sauti ileile anayosomea Zaburi, akitafsiri neno baada ya neno. Alipofika kwenye mifupa ya ng'ombe akamtazama dada yake juu ya miwani.

"Mimi nimeuliza tu," akasema Waya. "Kuuliza ni dhambi? Na bado inatetemeka."

Hapo Dani akasema.

"Dorina, kuku wako hawatetemeki. Je, wanakwenda chini?" Akajionyesha kooni. "Acha nile chakula cha nyakwara wangu."

Nyakwara ni mjukuu. Aliniita hivyo mbele ya wote, akainua kijiko, akala.

Hakuna aliyemtazama, na wote tulikuwa tukimtazama. Mama alishika tonge la ugali mpaka likapoa mkononi. Dani alimeza, akalamba midomo, akala tena, bila haraka, hadi maua ya sahani yakaonekana. Kisha akaisukuma sahani mbele kidogo, kama mgeni mkubwa anavyofanya.

"Nanasi liwe jingi safari ijayo," akasema.

Sitaki kujidanganya. Jeli si dawa, na maji ya machungwa hayarudishi miaka. Huenda juma lijalo akafunga mdomo tena, na mimi nitakuwa Homa Bay mbele ya mashine yangu, nikisoma kila kitu kutoka mwisho. Karani mkuu akiniita, nitahesabu makosa kama kawaida. Sijabadilika.

Ila jioni hii, jua lilipozama, Dani aliulizia kilichobaki. Aliulizia mwenyewe. Mama akamletea, naye akala akiwa ameketi kwenye kile kiti, hakukubali kurudi kitandani.

Na baada ya hapo Waya Dorina alinifuata nilipokuwa naosha vyombo. Boma lake ndilo lililo karibu na letu, na ndiye atakayekuwa na Dani siku zote ambazo mimi sipo. Alichukua kitambaa akaanza kukausha sahani ya maua, jambo ambalo sijawahi kumwona akilifanya.

"Basi lako ni saa ngapi kesho?"

"Mchana, Waya."

"Nitakuja asubuhi na mapema. Nitaleta nanasi." Akaikausha sahani ambayo ilikuwa tayari kavu. "Utanionyesha vile unafanya. Lakini usinifundishe kama mzungu."

Kopo nimeliweka mezani hapa, mbele yangu. Limebaki zaidi ya nusu. Sijawahi kumfundisha mtu kitu chochote, na sasa nimfundishe Waya Dorina, ambaye anapika tangu kabla sijazaliwa! Tayari nawaza nitasimama wapi, nitaanzaje, na akicheka nitafanya nini.

Nitamwacha acheke. Halafu nitamwambia awashe moto, tuanze na nanasi.