Mikono Nyuma ya Kaniki

Mpendwa mama mkwe,

Shikamoo huko uliko. Usiucheke mwandiko wangu. Shule niliiacha katikati. Watu huwa nawaambia mwalimu aliishiwa ya kunifundisha, na wewe peke yako ndiye ungenibishia.

Mchana huu usingizi ulinipitia barazani, hapa Korogwe, nikasikia harufu ya mafuta ya nyonyo yaliyopashwa moto. Nikajua umekuja. Sikukuona, bila shaka. Lini nilikuona?

Unakumbuka Hawa alivyozaliwa kwako Sindeni? Nilitoka kwenye kazi ya kutandika reli nikaja mbio, nikakuta mguu wa kulia wa mwanangu umekunjika kwa mbele, unyayo umeegemea shavu, kama mtu anayesikiliza kisigino chake. Wanawake walinong'ona kwamba ni kigego, mtoto wa kuleta mkosi. Wazee wakasema tungoje arobaini. Siku atakayotolewa nje, mguu ukiwa vilevile, atapelekwa porini asikorudi mtu. Mama yake alikuwa hoi kwa homa. Na mimi, niliyekwenda Tabora kwa miguu na mzigo kichwani, niliyewachekesha hata askari wenye viboko, nilitoka nje nikajiinamia.

Wewe ulipapasa tu. Ukakuta ngozi ina mikunjo juu ya goti, upande wa mbele, pasipostahili mikunjo. Nilikuwa nje ya mlango nilipokusikia: "Hakuvunjika huyu. Alikaa tumboni kitako, miguu usoni, goti likateguka humohumo. Tukiliwahi litapona, mifupa ingali mibichi."

Ilitakiwa mikono yenye nguvu ya kushika paja. Lakini mkwe hamtazami mama mkwe. Njiani nikikuona kwa mbali nilizama majanini kama paa. Basi ukatundika kaniki yako kwenye boriti, wewe kule, mimi huku, mtoto katikati chini ya upindo. Nilishika paja. Wewe uliuvuta mguu taratibu mpaka ukanyooka, kisha ukaukunja kwa nyuma kiasi cha punje ya hindi, ukaufunga kwa mabanzi ya magome na vitambaa. Kila asubuhi punje moja zaidi. Sikuijua sura yako, ila dole gumba lisilo na ukucha ningelitambua hata Bagamoyo sokoni.

Kisha nikajiona fundi. Siku moja ulikwenda kisimani, nikasema punje ya nini, mimi ninayenyoosha vyuma vya Mjerumani? Nikaukunja mguu wote kwa mkupuo. Kilio cha Hawa bado kinaniamsha. Goti likavimba kama embe.

Uliporudi uliketi nyuma ya kaniki, ukalipapasa goti. Nilingoja laana.

"Baba Hawa, reli hupigwa nyundo. Goti hubembelezwa. Lete mkono."

Ukauweka juu ya goti, wako juu ya wangu, nisikie linakubali wapi na linakataa wapi. Siku tano hatukulikunja, tulilipaka mafuta tu, na arobaini inakuja. Nililia bila sauti, nikishukuru kuna kitambaa.

"Nasikia makamasi, mkwe wangu," ukasema.

Siku ya arobaini ulimtoa nje mwenyewe. Ukafungua vitambaa mbele ya wazee, ukakunja goti mpaka kisigino kikagusa tako, ukanyoosha, ukakunja tena. Mimi nilichungulia nyuma ya ghala. Mmoja wao akauliza kama kuna chakula.

Sasa Hawa anakimbia kuliko mbuzi wako wote, na akinisalimia hupiga magoti yote mawili. Nachelewa kumwitikia makusudi, niyatazame.

Mama, nina jambo la kuungama. Siku ya kukuzika walitandaza shuka juu ya kaburi, kama inavyofanywa kwa mwanamke, nami nikaambiwa niingie kukupokea, maana mkwe ni mwana. Huko chini, giza jepesi, tulikuwa upande mmoja wa shuka kwa mara ya kwanza. Ilibidi sanda ifunguliwe usoni, shavu lako lilale kwenye udongo. Ningeweza kukuona. Watu wote hujua mimi ni mtu wa kuchungulia.

Nilifumba macho. Nikakulaza kwa kupapasa, taratibu, punje kwa punje, kama ulivyonifunza.

Lala salama, mama. Ukija tena na mafuta yako, nitageuka upande.

Mimi mkwe wako,
Baba Hawa