Kamera Pembeni ya Shamba la Mama Sesilia

Mwimbi, Kalambo

Dada Zuhura,

Shikamoo dada yangu. Hapo Muheza mnaendeleaje, na Mama je, ule upande uliopooza umeanza kupata nguvu? Mimi ni mzima, ila nimechoka, na baridi ya huku juu inaingia mpaka kwenye mifupa.

Najua unaningoja. Nilikuahidi nikimaliza filamu nitakuja kumuuguza Mama, nawe upumzike. Kazi imekwisha, dada, lakini siji, na naona aibu kukuandikia hivyo. Nisikilize kwanza.

Unazijua filamu zangu. Simuulizi mtu kitu, simpangi mtu akae wapi. Najikalia pembeni na kamera mpaka watu wanisahau. Tangu masika nimekaa hivyo kwa Mama Sesilia, mjane wa hapa kijijini. Shamba aliloachiwa na mumewe analitaka shemeji yake. Wazee wamesema mama akishalipanda lote msimu huu, asiguswe tena.

Nami nilidhani nimesahaulika. Kumbe shemeji alipokuja na ng'ombe wake wa kulima ili amuwahi mama kulipanda, aliiona kamera, akafunga vifungo vya koti, akasalimia kwa upole, akageuza ng'ombe. Akaja tena, yakawa yale yale. Siku niliyoshinda Sumbawanga kutafuta betri alilima kona nzima, na mama alipomzuia alisukumwa, akaanguka.

Halafu mvua ikaingia kwenye kamera, ikafa kabisa. Nikafunga mizigo, nikaenda kumweleza mama na kuaga. Mama Sesilia alikuwa ameinama anapasua matuta ya duara, yale ambayo Wafipa hufukia nyasi ndani yake zioze ziwe mbolea. Hakuinua kichwa.

"Shemeji anajua kama imekufa?"

"Hapana, mama."

"Basi isimamishe pale pale, mwanangu. Nimalizie kupanda."

Ndiyo kazi yangu sasa. Asubuhi naisimamisha, nafumba jicho moja, narekodi hewa. Mgongo unauma, mvua inaninyeshea, na moyoni nakuona wewe unamgeuza Mama kitandani usiku peke yako. Nakasirika, wala sijui namkasirikia nani. Leo shemeji mtu amekuja akasimama mbele yangu, anatabasamu, anauliza filamu itaonyeshwa lini. Nikamwambia bado sijamaliza.

Nusu ya shamba haijapandwa, na mama huyu analima kwa mkono. Ukinikasirikia una haki, ila usininyamazie.

Nisalimie mumeo, mwambie namshukuru kwa kumbeba Mama kila asubuhi. Nisalimie na shangazi anayewaletea uji, na wanao, wajomba zangu wawili hao wadogo.

Mama akiuliza niko wapi, usimwambie niko kazini. Mwambie kuna mama mwingine huku, nikigeuza mgongo tu ananyang'anywa.

Ni mimi mdogo wako,
Hamisi